Aliyeniambia Nisikate Mkia wa Video

Najua utanicheka. Cheka tu, lakini ukimaliza njoo Mubi, uliza duka la yule anayebadilisha video karibu na maegesho ya pikipiki, nami nitakuonyesha kopo la udongo na video yenyewe. Mimi si mtu wa kuona maruweruwe. Kasiksi, pombe yetu ya ndizi, sinywi, bangi sijui hata harufu yake, na kazi yangu ni ya nyaya na mashine. Haya yalinitokea mimi mwenyewe, nikiwa na akili zangu zote na ndizi ya kuchoma mkononi.

Tena usikae ukisubiri usiku wa manane na bundi kwenye paa. Ilikuwa saa nane za mchana. Mvua ilikuwa inanyesha, mlango wangu ulikuwa wazi, na lori lilikuwa limekwama kwenye matope nje, vijana wakilisukuma na kutukanana kama kawaida.

Lakini kwanza nikueleze habari za mke wangu, maana bila hizo hutaelewa kitu.

Furaha ni mtoto wa milimani, Masisi. Mimi ni mtu wa porini huku Walikale. Tulikutana Bweremana. Yeye alikuwa amekuja kununua samaki wa kwenda kuuza, mimi nilikuwa natengeneza spika za kanisa. Nilipaswa kutuma wazee wetu wamwone baba yake, Papa Bauma, wakae, waulizwe maswali, wapokelewe. Unajua nilifanya nini? Nilimpandisha lori tukaja zetu Mubi, nikajiambia wazee watafuata. Walifuata baada ya miezi mitatu. Papa Bauma hakuwafungulia mlango. Alisimama ndani akasema neno moja kupitia ukuta wa mbao, na neno hilo lilitufikia sisi kwa simu kabla wazee hawajarudi:

"Furaha hatabeba mutoto mu mikono yake mpaka mimi mwenyewe niseme."

Sisi ni watu wa kanisa, usinielewe vibaya. Lakini kwao Furaha, neno la namna hiyo likishatoka kinywani mwa baba, hakuna padri wala mchungaji wa kuliondoa. Baba mwenyewe ndiye anayeliondoa. Anachukua maji mdomoni, anayapuliza, anamtaja mtoto wake kwa jina, anasema limeisha. Akifa kabla ya hapo, neno linabaki palepale.

Na Papa Bauma alikufa. Wakati huo familia yote ilikuwa imekimbia vita, iko kambini Lushebere, na habari tulizipata siku nne baada ya maziko. Mimi sikuwahi kumwona mzee yule uso kwa uso. Hata picha yake sikuwa nimeiona, kwa sababu Furaha aliondoka kwao na nguo alizovaa tu.

Mimba yetu ya kwanza iliharibika mwezi wa nne. Ya pili, mwezi wa sita. Siku ninayokusimulia alikuwa na ya tatu, mwezi wa saba, na hakukuwa na kitambaa hata kimoja cha mtoto nyumbani mwetu. Nilileta kitenge kizuri cha kumbebea, akakirudisha kwa muuzaji siku hiyohiyo.

"Nitabeba nani mu hii?" aliniuliza.

Hakulia. Aliuliza tu, kama mtu anayeuliza chumvi iko wapi. Niamini, hakuna kitu kilichowahi kuniuma kama swali lile, kwa sababu nilijua ni nani aliyemleta Mubi bila kumwuliza baba yake.

Sasa turudi kwenye kazi. Kuna rafiki yangu anaitwa Dieudonné. Zamani alikuwa mpiga kamera wa televisheni moja ndogo kule Masisi, ambayo ilikufa kitambo. Vita vilipomkimbiza, alichobeba mgongoni ni diski yenye vipindi vyao vyote: harusi, kwaya, mechi za mpira, wakulima wakionyesha mashamba. Watu wa Lushebere wakawa wanamsumbua. Nyumba zao zimebaki huko nyuma, mashamba yamebaki, wengine waliomo kwenye video hizo wameshakufa, nao wanataka kuona. Shida ni kwamba yale mafaili ni ya kizamani. Ni makubwa mno, na ukiyaweka kwenye simu, simu inakataa kabisa, inakuandikia kwamba faili halifunguki. Dieudonné akaniletea diski ikiwa imefungwa kwenye mfuko wa sukari, akaniomba nibadilishe yote yawe MP4, madogo, yaweze kuingia hata kwenye simu iliyopasuka kioo.

Kazi hiyo naiweza, sitajifanya mnyenyekevu. Na nilikuwa na mtindo wangu. Kila video nakata kichwa na mkia. Kichwa ni zile rangirangi na mpiga kamera akikohoa. Mkia ni miguu ya watu, majani, kiti kinabebwa. Nani anataka miguu kwenye simu yake? Mtangazaji akisema tu "asante", mimi nakata, hata sitazami kilichofuata. Faili linapungua, kazi inakwenda mbio. Nilikuwa najisifu kwa hilo mbele ya watu.

Siku ile nilikuwa nimemaliza harusi moja ya kule, bibi harusi ameloa mvua mpaka shela imemgandia usoni. Nikaanza kula ndizi yangu. Nikahisi mtu ameziba mwanga mlangoni.

Alikuwa mzee mrefu, amevaa kaputi refu la kijivu, maboti ya plastiki, na kofia ya ukili iliyoshushwa mpaka kwenye nyusi. Aliingia akiwa amenipa ubavu. Hakunitazama. Akakaa kwenye benchi langu huku amenigeuzia mgongo, uso ukiwa ukutani, kule ninakotundika kadi za simu.

"Jambo, mwana," akasema.

"Jambo, Papa. Karibu. Mvua imekupiga?"

"Ni hapa banabadilishaka mavideo ya zamani?"

"Ni hapa. Uko na flash ao kadi?"

"Siko na kitu mu mukono. Ile yangu iko kwako tayari."

Nikadhani Dieudonné amemtuma. Nikamwuliza ni ipi, nikamweleza kwamba mafaili yale hayana majina, yana namba tu.

"Ile ya maharagi," akasema. "Iko nyuma ya ile ya harusi ya mvua."

Hapo ningepaswa kushtuka, sivyo? Nani alimwambia kuhusu harusi ya mvua? Nilikuwa nimeitazama peke yangu asubuhi ile. Lakini mtu ukiwa na njaa akili inachelewa. Nikafungua faili lililofuata, na kweli, likaanza na shamba la maharagi kwenye mteremko. Nikaliweka kwenye programu, nikapeleka mkono kwenye alama ya kukatia, kama ninavyofanya siku zote.

"Usikate mukia," mzee akasema.

Alikuwa bado amenigeuzia mgongo. Kutoka pale alipokaa asingeweza kuona kioo wala mkono wangu.

"Papa, mukia haiko na kitu," nikamwambia. "Iko miguu tu."

"Iko na kitu. Wa kwanza alikata. Wewe usikate."

Sikuipenda sauti ile ya kuniamuru dukani kwangu. Lakini ni mzee, nikaiacha video ilivyo, nikabonyeza ianze. Kompyuta ikaniandikia dakika arobaini. Kwa kuwa alikuwa mgeni na mvua haikuwa na dalili ya kuacha, nikamsogezea sahani yangu.

"Papa, karibu ndizi."

Akajivuta mbali nayo, karibu aguse ukuta.

"Siwezi kula mbele yako," akasema. "Bado."

Nikakasirika, sikufichi. Nikajisemea, huyu mzee ana dharau. Ananipa mgongo, ananiamuru, na chakula changu anakikimbia kama nimekitia sumu. Nikala peke yangu kwa kelele, ili asikie. Ndivyo nilivyo, nikiudhika nakuwa mtoto.

Umeme wangu unatoka kwenye jua, na jua halikuwepo tangu asubuhi. Kazi ilipofika themanini na kitu kwa mia, betri ikaanza kulia. Ilipofika tisini na saba, kila kitu kikazimika: taa, simu za watu zilizokuwa zinachajiwa, mashine ya fotokopi. Kila kitu isipokuwa kompyuta. Sasa sikiliza vizuri. Kompyuta yangu ni ya mezani, haina betri ndani. Ikikosa umeme sekunde moja, imekufa. Nikageuka kutazama inverta, ile inayotoa umeme wa betri, na taa yake haikuwaka hata kidogo. Nikagusa waya. Nikatazama kioo. Namba ilikuwa imesimama pale kwenye tisini na saba, inamulika.

Nikaisukuma sahani kando.

"Iache," mzee akasema kwa upole. Ilikuwa mara ya kwanza sauti yake kuwa na upole. "Itafika. Nimeingojea sana ifike."

Tisini na nane. Tisini na tisa. Macho yangu hayakutoka kwenye kioo, na jasho lilikuwa linanitoka kwapani siku ya baridi. Ilipoandika kwamba imekwisha, nikageuka kumwambia. Benchi lilikuwa tupu.

Nikakimbilia mlangoni. Wale vijana walikuwa bado wanasukuma lori, hatua kumi kutoka kwangu. Nikawauliza mzee wa kaputi ameelekea wapi. Wakaniambia hakuna mtu aliyeingia wala kutoka, na kwamba nikiwa nimeshiba nije kusukuma. Nikarudi ndani. Sakafuni kulikuwa na alama za maboti kutoka mlangoni hadi kwenye benchi. Za kutoka kwenye benchi kwenda mlangoni hazikuwepo. Na matope yale yalikuwa meusi tititi, wakati sisi Mubi udongo wetu ni mwekundu, nguo zote za watoto wetu zinashuhudia.

Ungekimbia? Mimi nilitaka kukimbia. Lakini nikakaa, na kwa kuwa kompyuta bado ilikuwa inawaka bila umeme, nikaifungua ile video.

Mzee amesimama kati ya maharagi. Kaputi la kijivu, maboti, kofia ya ukili. Sasa uso wake niliuona vizuri kwa mara ya kwanza, na nikaujua, kwa sababu kila asubuhi naamka kando ya uso ule. Pua ileile, na paji lileile. Chini ya picha waliandika: Papa Bauma, mkulima.

Alizungumza dakika kumi na tano kuhusu kuchagua mbegu. Kisha sauti ya Dieudonné ikasema, "Asante, Papa, tumemaliza, naenda kutafuta ule waya mu gari." Hapo ndipo ninapokata mimi. Hapo ndipo Dieudonné mwenyewe alipokata siku walipokirusha kile kipindi. Kamera ilibaki imesimama kwenye miguu yake mitatu, inaendelea kurekodi, shambani hakuna mtu mwingine.

Mzee akaitazama kamera kwa muda. Kisha akainama, akachukua kidumu chake cha maji ya kunywa, akajaza mdomo, akapuliza maji juu ya majani ya maharagi. Akasogea karibu mpaka uso ukajaa kioo.

"Furaha. Furaha, mwana wangu. Banasema hii kitu inafikaka mbali, kila muntu anaonaka. Basi uone. Ile neno nilisema, nimeitoa. Imeisha. Beba mutoto. Beba na mwingine. Na ule bwana yako wa pori, umwambie akuje. Nitakula naye."

Alipomaliza hakuondoka. Alibaki anatazama kamera, anangoja, kana kwamba Furaha atamjibu kutoka humo ndani. Sekunde ishirini hivi. Kisha miguu ya Dieudonné ikapita, na picha ikakatika. Kompyuta nayo ikazimika.

Nililia. Sijui kama mwanaume anapaswa kusema, lakini nililia pale dukani mlango ukiwa wazi. Mzee yule alidhani ujumbe umefika. Televisheni ile haijawahi kuonekana Mubi, hata siku moja. Aliliondoa neno lake, akarudi nyumbani akakaa kumngoja binti yake, miezi kwa miezi, na binti hakuja. Akafa akidhani tumemkatalia. Na mimi, bingwa wa mikia, nilikuwa na kidole juu ya alama ya kukatia.

Ndipo nikaelewa pia habari ya mgongo na ndizi. Kwao milimani, mkwe ambaye hajapokelewa na mkwewe hawatazamani usoni wala hawali pamoja. Ni heshima. Mzee hakunidharau. Alikuja kwangu kama baba mkwe anavyopaswa kuja, akashika adabu ambayo mimi nilishindwa kuishika.

Jua lilipotoka kesho yake niliiweka video kwenye simu, nikaenda nayo nyumbani. Sikumweleza Furaha chochote, nilimpa simu tu. Aliposikia sauti alikaa chini kwenye mkeka. Alitazama mpaka mwisho, akarudisha nyuma, akatazama tena. Kisha akaomba kikombe cha maji. Akanywa nusu, nusu akajimwagia tumboni, nguo ikalowa yote, akasema, "Nimepokea, Papa. Nimepokea. Ilichelewa mu njia." Baada ya hapo akaanza kulia kwa sauti, na mimi nikamwacha alie, kwa sababu kilikuwa kilio cha mtu aliyetuliwa mzigo. Usiku ule alilala mpaka asubuhi. Mimi ndiye niliyekaa macho, nikimsikiliza akipumua, nikiwa na furaha kama mwehu.

Nilipokwisha kumweleza Furaha habari ya mzee wa dukani, tukaituma video kwa kaka yake kambini Lushebere. Alipiga simu, hata salamu hakutoa.

"Hiyo kaputi," akaniuliza, "ni nani alikuambia? Furaha ananiambia ulimuona Papa nayo juzi. Tulimuzika mu hiyo kaputi. Na hiyo kofia."

Nikamwambia na habari ya matope. Akasema kwamba udongo wa pale walipomzika ni mweusi.

Matope yale sikuyafuta. Nilipokuwa natafuta ufagio dukani, Furaha alishapiga magoti na kijiko, akayakwangua yote, akayatia kwenye kopo la maziwa, akapanda humo punje tatu za maharagi. Mbili ziliota. Halafu akachukua pesa zangu mfukoni bila kuniuliza, akaenda kwa yule muuzaji, akarudi na kile kitenge. Niamini, sijawahi kuibiwa nikacheka hivyo.

Mtoto alizaliwa mwezi wa tisa, kwa wakati wake, msichana mwenye sauti ya kuamsha soko. Shangazi yake Furaha alikuja kutoka milimani kumpokea, mtu wa kwanza wa upande wao kukanyaga nyumbani kwangu. Tukamwita Bauma. Shangazi akasema hilo ni jina la wanaume. Furaha akamwambia huyu ndiye mtoto ambaye Papa alimtaja kwenye video, basi alibebe jina lake. Mtoto alipofikisha miezi mitano tulikwenda Lushebere. Kaka yake alinipokea mbele ya watu, akaniwekea sahani ya maharagi, akakaa mbele yangu, akanitazama usoni, tukala. Kulikuwa na sahani ya tatu pale, kando yetu, imejaa. Hakuna aliyeigusa, na hakuna aliyeuliza ni ya nani.

Kwa hiyo wewe unayefanya kazi hii yangu, na wewe unayefuta video kwenye simu kwa sababu imejaa, nakuonya. Tazama mpaka mwisho kabla hujakata. Na akiingia mzee dukani kwako, akakupa mgongo na kukataa chakula chako, usinune kama nilivyonuna mimi. Fanya kazi yake kwanza.

Mafaili yote ya Dieudonné nimeyarudia tangu mwanzo, pamoja na mikia yake, miguu na viti na kila kitu. Ni kazi kubwa na watu wananilaumu nachelewesha. Ile ya maharagi iko kwenye simu yangu, na jioni mtoto akisumbua, mama yake anamfungulia. Zile sekunde ishirini za mwisho, mzee anapongoja, mtoto huwa anasogeza uso kwenye kioo na kupiga kelele zake. Na Furaha hunikonyeza, ananiambia, "Unaona? Anamujibu."